Kiti ni Chako, Kesi ni Yako

Chama cha ushirika ni mali ya watu wengi iliyowekwa katika mikono ya watu wachache. Hapo ndipo penye nguvu yake, na hapo ndipo penye hatari yake. Watu wachache hao huitwa halmashauri, na njia ya haki ya kuwapata ni kura ya wanachama. Kura ikiwa safi, chama husimama. Kura ikitiwa shaka, chama huyumba. Na shaka hiyo ikipelekwa kortini na kukaa huko miaka, chama hufa huku wenyewe wakitazama.

Msomaji, katika insha hii nakusudia kushindana na desturi moja mbaya, ambayo imezoeleka hata ikafanana na haki. Ni desturi ya viongozi kugombea viti vyao kortini kwa fedha za wanachama. Neno langu nalisema mapema, ili ulipime tangu mwanzo hata mwisho: mtu anayeshtakiwa kwa ajili ya kiti chake na amlipe wakili kwa fedha zake mwenyewe, na mtu anayemshtaki na afanye vivyo hivyo. Hazina ya chama isiguswe. Kiti ni chako, kesi ni yako.

Nayasema haya katika nchi ya chai, kwa sababu hapa jambo hili lina uzito. Kericho na Bomet zilikuwa wilaya moja mpaka mwaka 1992, na hata leo zao lao ni moja. Tazama nchi kutoka Kericho mpaka Litein, na kutoka Kapkatet mpaka Mogogosiek na Kapkoros: chai imetandazwa juu ya vilima kama mkeka. Lakini mkeka huo una wenyewe wa namna mbili. Yako mashamba makubwa, yaliyoanzishwa na kampuni za kigeni katika miaka ya 1920; na yako mashamba madogo ya wananchi, ambao mpaka miaka ya 1950 hawakuwa na ruhusa ya kulima zao hili kwa biashara. Vibarua wa mashamba makubwa, walimu wa shule, na wakulima wa ekari moja au mbili, wote wamejiundia vyama vya ushirika. Viko vyama vya kuweka na kukopa, viko vya maziwa, na viko vya kukusanya na kuuza majani mabichi. Muungano wa Fintea, kwa mfano, uliviunganisha vyama vya wakulima wadogo waliokuwa wakiiuzia majani kampuni ya Finlay.

Mwaka 2023 kampuni ya James Finlay ilitangaza kuyauza mashamba yake ya chai ya Kenya kwa kampuni ya Browns ya Sri Lanka. Katika tangazo hilo ilielezwa kwamba asilimia 15 ya hisa zingetengwa kwa ajili ya ushirika wa wenyeji. Hebu fikiri maana yake. Ardhi ile wenyeji waliondolewa wakati wa ukoloni. Na sasa ikatajwa njia ya kurudisha sehemu ya faida yake mikononi mwao, na njia hiyo ni chama cha ushirika. Basi fedha za namna hiyo, popote zitakapoingia, atazitunza nani? Atazitunza yule atakayechaguliwa. Na kama uchaguzi wake utageuka kesi ya miaka mitano, zitatunzwa na nani katika miaka hiyo mitano? Swali hili si la wazee peke yao. Ninyi mnaosoma sasa ndio mtakaolijibu, au mtakaolipa gharama ya kutolijibu.

Yafaa tukumbuke tulikotoka. Mwaka 1844, katika mji wa Rochdale huko Uingereza, watu 28, wengi wao wafumaji na mafundi, waliungana kufungua duka lao. Waliweka msingi ambao dunia nzima imeufuata: kila mwanachama ana kura moja, awe na hisa nyingi au chache. Hapa Kenya chama cha kwanza cha ushirika kilianzishwa mwaka 1908 mahali palipoitwa Lumbwa, ambapo leo ni Kipkelion, katika kaunti hii hii ya Kericho. Lakini kilikuwa chama cha walowezi. Sheria ya ushirika ya mwaka 1931 ilitungwa kwa ajili ya watu wa namna yao, na Mwafrika hakufunguliwa mlango mpaka sheria ya mwaka 1945. Kwa hiyo ushirika ulizaliwa katika nchi yetu, nasi tukakaa nje ya daftari lake kwa muda wa miaka zaidi ya 30. Kura unayoiona leo ikinunuliwa kwa kilo mbili za sukari ndiyo ambayo babu zako walinyimwa. Thamani ya kitu hujulikana na aliyekikosa.

Baada ya uhuru, serikali iliwashika wanaushirika mkono kama mtoto anayejifunza kwenda. Sheria ya mwaka 1966 ilimpa Kamishna wa Ushirika uwezo mkubwa juu ya vyama. Sheria Nambari 12 ya mwaka 1997 ikaulegeza mkono huo, na wanachama wakaachiwa kujitawala. Uhuru huo ulikuja na fujo zake. Katika vyama vingi viongozi walijigawia mali, uchaguzi ukawa ugomvi, na mwaka 2004 sheria ikarekebishwa ili usimamizi urudi kwa kiasi. Lakini sheria hiyo ya 1997 ilileta jambo moja jema sana. Iliunda Baraza la Kuamua Migogoro ya Vyama vya Ushirika, ili ugomvi wa wanachama, au wa wanachama na halmashauri yao, usikilizwe na watu wanaoufahamu ushirika. Asiyeridhika na uamuzi wa Baraza alipewa siku 30 za kukata rufani katika Mahakama Kuu. Njia, basi, ilichorwa: ina mwanzo, nayo ina mwisho.

Hapa sina budi kusimama kidogo, kwa maana watu wengi hupotea njia hapa. Kiwanda cha chai cha wakulima wadogo, kama kile cha Litein, Momul, Tirgaga au Mogogosiek, kwa mujibu wa sheria si chama cha ushirika. Ni kampuni, na wakulima ni wenye hisa. Viwanda hivyo vilikua chini ya Mamlaka ya Ustawishaji wa Chai, iliyoundwa mwaka 1964 na kugeuzwa kampuni mwaka 2000. Ugomvi wa uchaguzi wa wakurugenzi wake hufuata sheria ya makampuni, na mlango wake ni mwingine. Swali la kama mkulima apige kura moja kama mtu, au apige kwa wingi wa hisa zake, lilizua mabishano makali katika miaka iliyozunguka Sheria ya Chai ya mwaka 2020. Mwanachama anayedhani kwamba kiwanda na chama cha kukopa ni kitu kimoja atabisha mlango usio wake, ataambiwa kwamba amekosea nyumba, na atarudi nyumbani amepoteza mwaka na fedha. Ujinga wa sheria una nauli yake.

Sasa natazama jinsi kesi ya kiti inavyozaliwa. Mkutano mkuu huitishwa. Wengine hupata taarifa, wengine hawapati. Sheria ilitaka taarifa ya maandishi itolewe siku 15 kabla ya mkutano, lakini katika kijiji fulani habari hufika jioni ya siku ya mwisho, tena kwa mdomo. Siku ya kura hujitokeza watu wasiojulikana katika kituo cha kupimia majani, na majina yao yamo daftarini. Mwanachama wa miaka ishirini huambiwa kwamba jina lake halimo. Kura hupigwa kwa kupanga mistari nyuma ya wagombea, na mistari hiyo huhesabiwa na ndugu wa mgombea mmoja. Aliyeshindwa hupiga kelele. Aliyeshinda hupiga vigelegele. Kesho yake aliyeshindwa huenda kwa wakili, na juma la pili korti hutoa amri ya kusimamisha mambo mpaka kesi isikilizwe.

Tangu siku hiyo chama kina halmashauri mbili, yaani hakina hata moja. Benki haijui sahihi ya nani ni ya kweli, kwa hiyo haitoi fedha. Mwanachama aliyekuwa akopeshwe karo ya mwanawe huambiwa asubiri kesi. Aliyeuza majani huambiwa asubiri kesi. Mkaguzi wa hesabu hukosa mtu wa kumkabidhi vitabu. Katika miezi hiyo, viongozi wa zamani, ambao kipindi chao kimekwisha, huendelea kukaa kwa nguvu ya amri ileile ya kusimamisha. Je, waona siri ya mchezo huu? Kuna viongozi ambao kwao kuchelewa kwa hukumu ni ushindi mtupu. Hawana haja ya kushinda kesi. Haja yao ni kwamba kesi isiishe.

Na gharama hulipwa na nani? Chukua kalamu, msomaji, tufanye hesabu. Tuseme kilo moja ya majani mabichi inalipwa shilingi 25. Tuseme wakili wa mwenyekiti anadai shilingi 500,000 mpaka kesi iishe. Hizo ni kilo 20,000 za majani. Mchumaji hodari, anayechuma majani mawili na kichipukizi kama ipasavyo, hukusanya kiasi cha kilo 40 kwa siku. Gawanya: ni siku 500 za kuinama katika umande na mvua ya mawe, kikapu mgongoni, ili mtu mmoja abaki katika kiti kimoja. Kesi ikienda rufani, ongeza. Na mchumaji huyo hakuulizwa kama anataka kesi. Pengine alimpigia kura yule aliyeshindwa. Basi kwa majani yake mwenyewe anamlipa wakili wa kumpinga mtu wake. Wahenga walisema kwamba wapiganapo fahali wawili, ziumiazo ni nyasi. Lakini hata nyasi za wahenga hazikulazimishwa kuwanunulia fahali pembe.

Najua majibu nitakayopewa, nami nayaleta mbele yako moja baada ya moja.

Jibu la kwanza husema: "Mwenyekiti hajitetei nafsi yake, anakitetea chama." Maneno haya yana sauti nzuri, lakini hayana kitu ndani. Swali lililo mbele ya Baraza ni moja: je, huyu alichaguliwa kwa haki? Chama hakina upande katika swali hilo. Chama ni wanachama wote, waliompigia kura na wasiompigia. Kazi ya chama mbele ya Baraza ni kuleta daftari, taarifa ya mkutano na kumbukumbu zake, kuviweka mezani na kunyamaza. Kazi hiyo aweza kuifanya katibu kwa nauli yake tu. Chama kinapomwajiri wakili ili kumtetea mgombea mmoja, kimeacha kuwa chama, kimekuwa kundi la kampeni.

Jibu la pili lina nguvu zaidi, na sitaki kulipita mbio. Husemwa: "Kama kiongozi atalipa mwenyewe, tajiri aliyeshindwa atamsumbua maskini aliyeshinda kwa kesi baada ya kesi, mpaka maskini aache kiti. Kisha matajiri peke yao ndio watakaothubutu kugombea." Ni kweli kwamba hatari hiyo ipo. Lakini dawa yake haihitaji hazina ifunguliwe tangu siku ya kwanza. Kwanza, anayeshtaki na aweke dhamana ya gharama, na akishindwa alipe za pande zote mbili. Pili, aliyeshinda kwa haki na arudi mbele ya mkutano mkuu, aonyeshe stakabadhi zake, na wanachama wakiridhika wamrudishie alichotumia. Tofauti ni kubwa kati ya fedha zilizotolewa na wenyewe baada ya kusikia hukumu, na fedha zilizochotwa na mtu kwa ajili yake mwenyewe kabla ya hukumu. Ile ya kwanza ni shukrani. Ya pili ina jina lake, nawe walijua.

Jibu la tatu hutoka kwa watu wema, wapenda amani. Husema: "Ya nini korti? Wazee wakae, wawapatanishe, mambo yaishe nyumbani." Mimi naiheshimu sana hekima hiyo. Wakipsigis walikuwa na kokwet, baraza la majirani, ambapo wazee walikaa wakasikiliza kila upande mpaka maneno yakawiva. Uzuri wake ulikuwa kwamba shauri lilisemwa hadharani, mbele ya watu wanaomjua msemaji na shamba lake. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 159, imezitaka mahakama zenyewe zikuze upatanishi na njia za jadi za kumaliza ugomvi. Basi upatanishi una nafasi yake, tena nafasi ya mwanzo. Lakini tuutazame kwa macho makavu. Katika mabaraza mengi ya kale mwanamke hakuwa na sauti sawa na mwanamume. Tena mzee hodari aweza kupatanisha mioyo ya watu, lakini hawezi kupatanisha hesabu. Kura zilizoibwa hazirudi kwa kupeana mikono. Wagombea wawili wakikubaliana kwamba huyu awe mwenyekiti na yule awe mweka hazina, amani imekuja kwao. Lakini kura za watu mia tano zimegawanywa na watu wawili chini ya mti.

Na kunyamazishana kuna matunda machungu. Mwaka 2024 ukaguzi wa hesabu za KUSCCO, muungano wa vyama vya kuweka na kukopa vya Kenya, ulionyesha hasara ya zaidi ya shilingi bilioni 13. Shimo la namna hiyo halichimbwi kwa usiku mmoja. Huchimbwa pale ambapo viongozi hawaulizwi, na anayeuliza huambiwa kwamba anavunja umoja. Mficha maradhi, kilio kitamfichua. Sisemi, basi, kwamba watu waache kushtaki. Mwanachama aliyenyimwa kura yake na ashtaki bila woga. Anayemwita mchochezi ndiye mchochezi.

Jibu la nne husema: "Serikali iteue halmashauri ya muda, ugomvi uishe." Kwa siku chache, wakati nyumba inawaka moto, sawa. Lakini wateule hukaa, na aliyeteuliwa humtazama aliyemteua, hamtazami mchumaji. Watu waliokaa nje ya daftari tangu 1908 mpaka 1945 hawapaswi kurudi chini ya mlezi kila mara wanapokosana. Afisa wa ushirika wa kaunti na aitishe mkutano, asimamie kura, asome ripoti ya uchunguzi mbele ya wanachama, kisha aondoke.

Kwa kuwa nimeyabomoa ya wengine, yanipasa nijenge yangu. Kesi nyingi za kura huzaliwa kabla ya siku ya kura, nazo huzaliwa ndani ya daftari. Mali bila daftari hupotea bila habari, na kura bila daftari hupotea vivyo hivyo. Kila chama na kibandike majina ya wanachama wote katika kila kituo cha kupimia majani, mwezi mzima kabla ya mkutano. Asiyeona jina lake na alalamike wakati huo. Anayeona jina la marehemu na aseme wakati huo. Siku ya kura iwe ya kupiga kura, isiwe ya kutafuta nani ni nani.

Katika daftari hilo kuna dhuluma moja ya kale ambayo lazima niitaje. Shambani, mikono mingi inayochuma ni ya wanawake, lakini mara nyingi namba ya mkulima imeandikwa kwa jina la mume. Mke huchuma, hubeba, hupima, na siku ya mkutano hubaki nyumbani kwa sababu jina si lake. Mume akifa, namba hukaa katika jina la marehemu miaka na miaka, mpaka mtu mjanja aone kwamba hapo pana kura isiyo na mwenyewe. Hivyo mjane hana kura, na marehemu anayo! Chama kinachotaka kuepuka kesi na kianze hapa: mwenye kuchuma aandikwe, na aliyekufa afutwe na warithi wake waingizwe.

Baada ya daftari, yafuate mambo manne. Taarifa ya mkutano itolewe kwa maandishi na kwa wakati. Kura iwe ya siri, kwa karatasi na sanduku, kwa maana mwenye deni hawezi kusimama huru katika mstari ulio mbele ya macho ya anayemdai. Kura zihesabiwe palepale mbele ya wagombea wote, nao watie sahihi. Na sheria ndogo za chama ziweke muda mfupi wa kupinga matokeo, kwa mfano siku 14, na ziseme wazi kwamba wagombea watabeba gharama zao wenyewe. Kanuni hiyo ya mwisho haihitaji Bunge wala waziri. Mkutano mkuu, ambao ndio mamlaka ya juu ya chama, waweza kuipitisha kwa kura zake na kuipeleka isajiliwe.

Ugomvi ukizuka hata hivyo, njia iwe moja na ijulikane na wote. Kwanza daftari na kumbukumbu zifunguliwe mbele ya wanaogombana. Hapo mengi huisha, kwa kuwa maandishi hayaoni haya. Pili, wapatanishi walioaminiwa na pande zote wapewe majuma mawili. Tatu, Baraza la migogoro ya ushirika, ambalo nalo laombwa likumbuke kwamba makao yake yako Nairobi, zaidi ya kilomita 200 kutoka kwa mchumaji wa Bomet. Haki na imfuate mwenye kuitafuta. Mwisho ni rufani ya Mahakama Kuu. Na katika muda wote huo, amri ya kusimamisha isifunge kazi za kila siku: majani yapimwe, mikopo ya karo itolewe, na watu wawili wasio wagombea watie sahihi chini ya macho ya afisa wa kaunti. Ugomvi wa waendeshaji usiwashushe abiria njiani.

Nawe, mwanafunzi, usiseme kwamba mambo haya ni ya wakubwa. Katika chuo ninamofundisha, nikiwauliza walimu wanafunzi ni nani kati yao amezisoma sheria ndogo za chama cha wazazi wake, mikono inayoinuka huwa michache sana. Hawa ni vijana waliosoma miaka kumi na mingi zaidi! Kitabu kidogo cha kurasa thelathini, chenye kutawala maziwa wanayokunywa na karo wanayolipiwa, hawajakifungua. Viongozi wabaya hawawaogopi watu wenye hasira, kwa sababu hasira hupoa. Humwogopa msichana mmoja wa kidato cha tatu anayeuliza kwa adabu mbele ya mkutano: "Mzee mwenyekiti, twaomba kuona ukurasa wa daftari."

Anza, basi, hapo ulipo. Muulize mama kama jina lake limeandikwa. Msomee babu taarifa ya mkutano. Katika chama cha mijadala cha shule yako, au katika duka la wanafunzi, pigeni kura kwa sanduku, hesabuni mbele ya wote, andikeni kumbukumbu, na aliyeshindwa afundishwe kumpa mkono aliyeshinda. Maana asiyekubali kushindwa si mshindani. Na kama aliyeshinda ameshinda kwa hila, mwandikieni mashtaka yake kwa wino, siku ile ile, mkitaja majina na hesabu. Anayezoea haya akiwa na miaka kumi na sita hatayaogopa akiwa na arobaini.

Siku moja baadhi yenu mtasimama kugombea viti katika vyama vya Kericho na Bomet. Mtashinda au mtashindwa. Hilo ni la kura. Mkishtakiwa, jiteteeni kwa nguvu zenu zote, kwa maana haki ya kujitetea ni ya kila mtu. Lakini kabla ya kumwita wakili, tazameni nje ya dirisha la afisi. Yule aliye kwenye mteremko, mwenye kikapu mgongoni, hajagombea kiti chochote. Msimtumie ankara.